Mtu Haombi Achunguzwe

Tarehe 3, mwezi wa tatu

Mvua ya kwanza. Imenyesha kwa kishindo, ikakatika, jua likatoka kama vile halikuwepo kwenye ugomvi. Wamemchukua mwanangu.

Naandika kwa sababu nikikaa bure nitamtukana mtu. Sikwenda shule hata siku moja. Baba yangu alisema wasichana watakwenda ikipatikana nafasi, na nafasi haikupatikana. Herufi nilifundishwa na huyu huyu waliyemchukua leo. Alikuwa darasa la pili, anarudi mchana, ananiketisha kwenye ndoo iliyopinduliwa na kuniita mwanafunzi. Nikikosea ananichapa kidole kwa kijiko. Kwa hiyo nikikosea humu lawama ni zake, na aje mwenyewe anisahihishe.

Mwanangu ni fundi wa kufuli na funguo. Ana kibanda mwisho wa safu ya maduka, pale ukuta unapokata kona, na mashine moja ya kuchongea. Mwezi uliopita maduka matatu ya safu hiyo yaliibiwa, moja baada ya jingine, na hakuna hata kufuli moja lililovunjwa. Mwizi alifungua, akachukua, akafunga, kama mwenye mali. Basi polisi wakajiuliza nani anaweza kufungua bila kuvunja, wakamwona wa karibu. Wamebeba mashine. Wamebeba tupa zake zote. Wamebeba na debe la funguo.

Debe hilo si la wizi. Hapa mtaani kila nyumba huacha ufunguo mmoja wa akiba kwa mwanangu. Ukipoteza wako, mtoto akijifungia ndani, ukisafiri halafu bomba likapasuka huku nyuma, unamkimbilia yeye. Kila ufunguo umefungwa kitambaa cha mwenyewe: huyu kipande cha pazia, yule ukanda wa sare ya shule, mwingine mkono wa shati la marehemu mumewe. Hakuna jina lililoandikwa. Mwanangu anavijua vitambaa kwa macho.

Askari aliyelibeba alilitikisa, akacheka. "Mama, mwanao alikuwa na mtaa mzima mfukoni."

Nikamwambia ndiyo, miaka yote hiyo, na hakuna nyumba iliyokosa hata kijiko.

Tarehe 4

Hawatuambii yuko kituo gani.

Tarehe 5

Yuko kituo kikubwa. Mkamwana wangu amepeleka chakula, kimerudi kama kilivyokwenda, kimepoa tu. Alikiweka mezani, hakuna aliyekigusa. Nikasema, kuleni, hatumli yeye. Nikala wa kwanza ili wajukuu wale.

Tarehe 6

Mvua. Hatujamwona.

Tarehe 8

Ameachiwa. Ametembea kutoka kituoni mpaka nyumbani kwa miguu, amelowa, na sikumjua alipoingia, nikadhani ni mtu anaomba kujikinga mvua.

Vidole vya mkono wa kulia vimevimba kama vya mtu mwingine. Mkono huo ndio unaoshika tupa. Nimemwosha mwenyewe, mkewe amebaki analia jikoni. Mtu mzima mwenye ndevu, nimemwosha kama nilivyomwosha siku ya kwanza, na hakukataa, na hapo ndipo nilipojua wamemfanya nini. Anasema walimtaka aseme funguo za maduka alichonga mbili mbili na moja akabaki nayo. Akasema hapana. Wakaweka mkono wake kwenye mlango wa kabati na kuusukuma mlango. Mara ya tatu akatia sahihi karatasi yao. Anasema, "Mama, sikuisoma." Yeye, aliyenifundisha mimi kusoma.

Hajashtakiwa. Hajaambiwa yuko huru pia. Kila Jumatatu akaripoti. Nikamuuliza mpaka lini. Anasema alipouliza hivyo walimjibu uchunguzi unaendelea.

Tarehe 9

Amelala mchana kutwa. Nimefukuza kuku wa jirani wasipige kelele.

Tarehe 11

Leo amekuja Msimamizi. Huyu ndiye anayesimamia jengo la maduka kwa niaba ya mwenyewe ambaye hatujawahi kumwona. Anafungua geti asubuhi, anagombana na wapangaji, anaita mafundi wa bomba. Mtu mnene, anahema akipanda hata ngazi mbili. Amekuja na mwavuli na dawa ya kuchua, akakaa karibu na mwanangu, akautazama ule mkono, akalia. Machozi kabisa, si ya kubana macho. Watu wote wa safu ile wamekaa kimya, mwenye duka la simu kapita mbele ya mlango wangu kanitazama kama mtaro. Huyu mmoja ndiye aliyekumbuka kwamba tuna damu.

Amesema tusikae hivi hivi. Anamjua wakili kijana, mkali, anayetafuta jina, na kesi kama hii hatatutoza. Twende mahakamani tukaombe uchunguzi wote usimamishwe. "Mama," ananiambia, "wakiendelea watamrudisha ndani. Mara ya pili hawamrudishi na vidole."

Nimemwekea sahani kubwa kuliko ya mwanangu.

Tarehe 14

Wakili amekuja. Koti lake limempita mabegani, nadhani ni la kaka yake, lakini mdomo ni wake mwenyewe. Anasema kwa kawaida mahakama haipendi kuingilia polisi wakiwa bado wanachunguza. Inasubiri wamalize, wamshtaki mtu, ndipo isikilize. Nikamuuliza, sasa mtu akifia kwenye kusubiri? Akasema hapo ndipo tutakapopitia. Amepiga picha ule mkono mara nyingi, mpaka mwanangu akauficha chini ya shuka.

Tarehe 17

Jalada amepewa mpelelezi mwingine, mwanamke. Amekuja kwa miguu, viatu vimejaa tope, peke yake. Anasema yeye si wale waliomshika mwanangu, kazi yake ni kujua nani aliiba. Nilimwacha asimame nje kwenye mvua hadi alipomaliza kujieleza, kisha nikamwambia polisi hawaripotiwi nyumbani, mwanangu huripoti kituoni, kila Jumatatu. Nikafunga mlango. Hakugonga tena. Nimempa jina Kimya, kwa sababu anakutazama kama mtu anayesubiri basi.

Tarehe 18

Mvua. Maharage yameota ukungu.

Tarehe 24

Kimya amerudi, na safari hii mwanangu mwenyewe kamkaribisha. Nilikaa pembeni nachambua mchele na masikio yangu yote mawili. Hakuuliza uliiba. Aliuliza ufunguo unachongwaje, nani huleta, nani husimama akisubiri, ukiharibika unakwenda wapi. Mwanangu akaanza kumweleza, na kwa mara ya kwanza tangu arudi nilisikia sauti yake ya kazini. Anasema hachongi ufunguo wa duka mwenyewe asipokuwepo, na uliochongwa vibaya humpa mwenyewe aondoke nao. Kimya akauliza, hakuna hata mara moja mtu alileta wa duka ambalo si lake? Mwanangu akafikiri. Akasema ni jengo tu, miaka miwili iliyopita, Msimamizi alileta funguo zote za maduka akachongewa seti ya akiba, kwa ajili ya moto au mafuriko.

Kimya akaandika. Mimi nikaweka ungo chini. Nikamwambia, binti, umekosa wa kumtia ndani sasa unamtafutia mwenzake, tena mtu mwema kuliko wote mtaani. Akasema, "Bibi, mimi naandika tu ninachoambiwa." Nikamwambia na wale wa kabati walisema hivyo hivyo.

Jioni nilimwambia Msimamizi. Niliona ni haki ajue. Alihema, akanishukuru, akasema wakili aharakishe.

Tarehe 2, mwezi wa nne

Mahakamani. Nimevaa lile gauni la msiba kwa sababu ndilo pekee lisilo na kiraka.

Chumba ni kirefu, feni mbili, moja inazunguka, nyingine inamtazama mwenzake. Paa linavuja kwenye kona, wameweka ndoo, na kila Jaji anaponyamaza ndoo inajibu. Jaji mwenyewe ni mwanamke wa makamo, anaandika kwa mkono, na wakili anayesema haraka humwambia asubiri kalamu.

Wakili wetu alisimama. Alisema huyu fundi alichukuliwa bila hati, akafungiwa kupita muda wa sheria bila kuonyeshwa kwa hakimu, akavunjwa vidole mpaka akatia sahihi. Uchunguzi uliozaliwa hivyo, alisema, hauna haki ya kupiga hatua nyingine hata moja. Usimamishwe wote. Nilitikisa kichwa kukubali mpaka kilemba kikalegea.

Kisha wakili wa serikali. Mzee mwembamba mwenye kikohozi, sauti ndogo. Nilitegemea akatae kipigo, nilikuwa nimeshajiandaa kusimama. Hakukataa. Alisema, "Mheshimiwa Jaji, waliompiga waadhibiwe. Karatasi waliyomlazimisha kutia sahihi itupwe. Wakatazwe kumgusa. Hayo yote naungana nayo. Lakini jalada lisifungwe. Kuna watu watatu walioibiwa, na yuko huyu fundi mwenyewe, ambaye hakuna kitakachomsafisha isipokuwa kazi hii kufika mwisho."

Nikamsonya. Kwa sauti. Karani akanigeukia, nikajifanya nina kitu kwenye jino.

Jaji akaweka kalamu. Akauliza, mahakama ikiingia kila mtu anapochunguzwa, nani atakuja kuchunguzwa? Na isipoingia mtu anapobanwa vidole kwenye mlango, kazi yake ni nini? Aliuliza kama mtu anayejiuliza mwenyewe jikoni. Ndoo ikamjibu.

Hukumu wiki ijayo. Msimamizi alikuwa benchi la nyuma tangu asubuhi. Alitununulia chai.

Tarehe 7

Mwanangu ameripoti. Kimya kamwambia awe na subira wiki hii, kuna jambo. Nikamwambia jambo lao tunalijua.

Tarehe 9, Jumatano

Tumeshinda.

Jaji alisoma muda mrefu. Alisema mahakama haiingii katika uchunguzi kwa wepesi, na kwamba kwa kawaida angewaacha polisi wamalize. Lakini hapa sheria imekanyagwa tangu mlangoni na yeye hawezi kutofautisha tope na njia. Jalada lisimame. Mtu yeyote asilifanyie kazi. Mashine, tupa na debe virudishwe. Yule mzee wa kikohozi aliinama tu. Nilimwonea kama huruma, ndogo, ya mtu aliyeshinda.

Nje mvua ilikuwa inamwagika, na tukatembea ndani yake bila mwavuli, mkamwana wangu anaimba. Wakili alipigwa picha na watu wa magazeti. Msimamizi alimkumbatia mwanangu mpaka nikadhani atamwangusha. Mwanangu alicheka. Nimeandika hilo nisije nikalisahau: alicheka.

Tarehe 10

Tumekula. Tumelala. Hakuna kuripoti tena.

Tarehe 14

Vitu vimerudi. Mashine ina kutu ubavuni, waliiacha inanyeshewa. Debe halijapungua. Mwanangu alilimwaga mezani, akapanga funguo moja moja, vitambaa vimechafuka, anavikunjua kwa kile kidole kisichokunjika vizuri. Amefungua kibanda.

Tarehe 15

Mama wa nyumba ya pili amepita kibandani. Ameulizia mkono, akasema Mungu mkubwa. Akasema, kwa vile yuko hapo, basi auchukue ule ufunguo wake, dada yake anahamia, atauhitaji. Ule wa kipande cha pazia.

Tarehe 16

Wawili. Mmoja amebadilisha mlango. Mwingine alinyoosha mkono tu.

Tarehe 17

Watano.

Tarehe 19

Nimekwenda kukaa kibandani niwaone wakija. Wanakuja kwa adabu, hilo ndilo linaloniua. Wangekuja wanatukana ningejua la kuwafanya. Wanakuja wanacheka, wanauliza watoto, wanamwita fundi kama zamani, halafu wanakumbuka. Mmoja alisema anataka kuona tu kama unaingia bado kwenye kitasa, ataurudisha. Nikamwambia mbona unajisumbua kuongopa, mwanangu, mvua hii. Akauchukua.

Mjane, yule wa mkono wa shati, alikuja mwisho. Niliwahi kulala kwake siku saba mumewe alipokufa. Alisema, "Dada, mimi siamini hata kidogo. Lakini wanangu wananisema." Akalia. Nikamfungia ufunguo kwenye leso mwenyewe.

Tarehe 22

Debe ni tupu. Mkamwana anataka kulitumia kwa unga. Mwanangu kasema liache.

Tarehe 25

Hakuna mteja. Mvua.

Tarehe 26

Hakuna.

Tarehe 28

Mjukuu wangu wa kike amegoma kwenda shule. Kalamu ya mtu ikipotea darasani, mabegi yote yanaachwa wanakuja kwenye lake. Nikamwambia awaambie baba yake alishinda mahakamani. Akaniambia, "Bibi, alishinda nini?"

Nikampa kazi ya kuosha vyombo.

Tarehe 29

Nimekwenda kwa mwenye duka la simu. Nimemkuta amekaa nyuma ya kioo chake, nusu ya rafu bado tupu tangu wizi. Nikamwambia bila salamu kwamba anamkosea mwanangu, Jaji mzima ameamua.

Huyu bwana simpendi, ananuka marashi kama ofisi, lakini alinipa kiti. Akasema, "Mama, Jaji kaamua kwamba polisi walikosea. Na kweli walikosea, nami ningewafunga. Hakuamua nani alifungua duka langu. Mimi sisemi ni mwanao. Nasema hatukuambiwa, na sasa hatutaambiwa, kwa sababu mlikwenda kuomba tusiambiwe."

Nilinyanyuka kumjibu. Nimerudi nyumbani natafuta jibu njia nzima, nikapitiliza mlango wangu.

Tarehe 3, mwezi wa tano

Leo kwenye foleni ya dirisha la dawa, hospitali, nimemkuta Kimya mbele yangu, ana mtoto mgongoni anakohoa. Sikujua kama ana mtoto. Ningeweza kunyamaza. Nikasema mtoto afunikwe kichwa.

Akageuka, akanijua. Akanisalimu shikamoo, nikaitikia, kwa sababu shikamoo haikatazwi na mahakama. Akauliza mkono unaendeleaje. Nikamwambia mkono unapona, mwenye mkono ndiye haponi, na nikamweleza debe lote, sijui kwa nini, labda kwa sababu foleni haikuwa inasogea.

Alisikiliza kama kawaida yake. Kisha akasema polepole, anamtikisa mtoto.

"Bibi, mimi sikuwa namtafuta mwanao. Nilimaliza naye siku ile ulipokuwa unachambua mchele. Ile karatasi ya sahihi nilishaiandikia kwamba haifai. Nilikuwa nimeomba seti ya akiba ya jengo nikaione, ipo yote au haipo, na iko kwa nani. Nilipangiwa kuiona Alhamisi. Amri ikasomwa Jumatano."

Nikamuuliza, na sasa si uende tu uitazame? Akasema amri ni amri, akigusa jalada yeye ndiye atakayesimama mbele ya Jaji. Wakubwa wake walisema watakata rufaa, hawakukata. Walifurahi. Kesi ikifa na lile kabati limekufa nalo, hakuna askari hata mmoja aliyeulizwa. Yeye wamemhamishia dirisha la waliopoteza vitambulisho.

"Mliomba mno," akasema. "Mngeomba wapigaji wazuiwe, mimi ningemaliza."

Dirisha likamwita. Aliponiaga alisema pole, na ilikuwa pole kweli, na hiyo ndiyo iliyonikasirisha kuliko zote.

Tarehe 4

Msimamizi. Mwavuli. Dawa ya kuchua. Sahani yangu kubwa. Na mimi ndiye niliyemkimbilia jioni ile kumwambia ameandikwa, kwa mdomo wangu huu.

Tarehe 6

Nimemfuata wakili ofisini kwake, juu ya duka la vyombo. Ana koti jipya, linamkaa. Nikamuuliza nani aliyemharakisha. Akacheka, akasema yule mzee wenu mnene, alikuwa anapiga simu asubuhi, mchana, jioni, anatupenda sana. Nikamwambia sasa nataka arudi kwa Jaji aombe jalada lifunguliwe. Alidhani natania. Alipoona sitanii alifunga mlango.

Akasema ile hukumu inatajwa sasa mahali pengi, mawakili wanaitumia, imewalinda watu wengine wasipigwe. Nikamwambia nafurahi kwa ajili yao, kweli, wasipigwe kamwe. Lakini mwanangu. Akasema mwanangu ni huru. Nikamwambia mlango uliokosa bawaba nao uko huru. Akatazama saa.

Tarehe 9

Nimekwenda mwenyewe mahakamani, peke yangu, gauni lile lile. Wajukuu wanadhani nimekwenda kliniki.

Kwenye chumba cha masijala kuna meza tatu na binti mmoja. Nilimweleza kwamba mwaka huu, mwezi uliopita, tuliomba uchunguzi usimamishwe na ukasimamishwa, na sasa nimekuja kuomba uendelee. Akauliza kama mimi ni upande wa walioibiwa. Nikasema hapana, mimi ni mama wa mtuhumiwa. Akaweka kalamu chini vizuri.

"Bibi," akasema, "hakuna ombi la namna hiyo. Mtu haombi achunguzwe."

Nikasema mimi naomba. Akaita mwenzake wa chumba cha pili, mwenzake akaja na chai mkononi, nikaeleza tena. Yule akaniambia kwa upole, kama unavyosema na mtoto aliyepotea sokoni, kwamba mahakama ilishatusaidia, tumshukuru Mungu, wengine wanalilia amri kama hiyo hawaipati. Nikamwambia naijua thamani yake, mwanangu alipigwa, mahakama ilikuwa na haki ya kuingia. Mtu akipiga kelele ndani ya nyumba, uvunje mlango, uingie, umshike mkono anayepiga. Ninyi mliingia mkazima na taa, mkatoka. Mtu yuko gizani, hapigwi, na kila mpita njia anajiuliza anafanya nini humo.

Akanisikiliza mpaka mwisho. Akasema nitafute wakili.

Kwenye ngazi nilikutana na yule mzee wa kikohozi, anapanda na mafaili, anapumzika kila baada ya hatua chache. Hakunijua. Nilimpokea mafaili nikampandishia hadi juu. Akanishukuru, akauliza nina kesi gani. Nikasema nilikuwa nayo, nikashinda. Akanipa hongera.

Tarehe 12

Nimemweleza mwanangu yote. Nilitegemea atakasirika. Aliendelea kusafisha mashine isiyo na wateja. Akasema alishafikiri hivyo muda, tangu siku Msimamizi alipoacha kupita kibandani. Nikamuuliza mbona hakusema. Akasema, "Niseme nini, Mama? Kwamba labda ni yeye? Na mimi watu wanasema labda ni mimi. Tofauti iko wapi?"

Tarehe 13

Msimamizi alipita mbele ya nyumba. Alinipungia mkono. Nilikuwa na maneno yamejaa mdomo mzima, ya kumwaga mtaa usimame. Nikayameza. Huenda seti yake ya akiba iko yote, imening'inia msumarini, na ni mtu mnene tu mwenye moyo laini aliyeogopa kuguswa. Huenda aliuza hata simu ya mwisho. Sijui. Sitajua. Hicho ndicho tulichokishinda.

Sikumpungia.

Tarehe 16

Mvua imepungua. Mtaro unanuka.

Tarehe 21

Mwanangu amepata kibarua cha kubeba saruji, upande wa pili wa mji, kwa watu wasiomjua. Mkono unamuuma akirudi. Nauchua, kisha namwambia ananuka kama ukuta mpya, naye anasema heri ukuta mpya kuliko kikongwe. Hivyo ndivyo tunavyopendana siku hizi.

Tarehe 27

Nyumba yetu ina vyumba sita na ua mmoja, na geti moja la chuma la kuingilia. Mimi ndiye mpangaji wa zamani kuliko wote. Mwanangu alizaliwa chumba cha kushoto, mkunga akipiga kelele maji, maji.

Leo wapangaji wenzangu wamebadilisha kufuli la geti. Fundi walimtoa mtaa wa mbali. Walifanya mchana, mwanangu akiwa kwenye saruji. Kisha mjumbe wao, mama wa chumba cha mwisho, akanijia na ufunguo mpya kwenye kiganja. Alisema kila mwenye haki kapata. Akasema, "Huu ni wako wewe, Bibi." Akalibonyeza lile neno wewe kidogo tu. Mkamwana naye alipata wa kwake. Mwanangu hakuletewa.

Nilitaka kuutupa mtaroni. Lakini nitaingiaje?

Aliporudi magharibi alikuta geti limefungwa, akaona kufuli. Nilikuwa dirishani, nilimwona akilitazama. Alilishika kwa vidole viwili, akaligeuza, akaliangalia mdomo, kama daktari. Kufuli la aina hiyo analifungua kwa waya wa mwavuli. Nimemwona akilifungua huku anasimulia hadithi. Aliliachia.

Nikatoka na ufunguo wangu. Nilimwambia chukua, kesho uchonge wako, mashine iko pale. Aliupokea. Akaupitisha kidole pembeni, akakuta umeachwa na makali, akatoa tupa ndogo mfukoni akaulainisha pale pale, kidogo kidogo, akaufuta kwenye shati.

Akanirudishia.

"Ulikuwa utakutoboa mfuko," akasema.

Tarehe 30

Mvua zimekwisha. Mwanangu anarudi magharibi, anasimama nje ya geti la nyumba aliyozaliwa, anabisha hodi. Majirani wanamsikia, wanapunguza redio, hakuna anayenyanyuka. Nanyanyuka mimi. Kila siku namwambia ingia, hapa ni kwako, kwa sauti ya kufika vyumba vyote sita.